Marikiti ya Darajani kwa Kuonja: Safari ya Unguja, Jumanne hadi Ijumaa

Jumanne

Tuliondoka Morogoro alfajiri kwa treni ya mwendokasi, mimi na wifi yangu, tukavuka kwa boti kutoka Dar es Salaam, na alasiri ilipoadhiniwa tulikuwa tumekwisha kushuka katika bandari ya Malindi, Unguja. Kuhusu njia sina mengi ya kusimulia: boti huchukua takriban saa 2, na abiria hutakiwa awe na kitambulisho chake mkononi. Kilichotupeleka ni chakula. Ninaendesha mgahawa mdogo ambao wateja wake wa Ijumaa huja kwa ajili ya pilau, na viungo vinavyotufikia bara mara nyingi huwa vimekwisha kusagwa na kutiwa katika pakiti, hata mpishi asiweze kujua vilitoka wapi wala vilikaa ghalani kwa muda gani. Niliona kwamba mtu anayewalisha wenzake kwa malipo anapaswa kujua zaidi ya hapo.

Ziara za kuonja vyakula katika soko la Darajani hutangazwa zaidi kwa wageni wanaotoka nje ya nchi, nami nilitaka kuongozwa kwa Kiswahili, tena na mtu ambaye wauzaji wenyewe wanamjua. Tulimpata dada mmoja mwenyeji wa Mji Mkongwe, mwenye kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii, ambaye alikuja kutupokea jioni hiyo hiyo na kutupa masharti kabla hatujapatana bei. La kwanza lilikuwa kwamba asubuhi tusinywe chai nyumbani. La pili nililipenda zaidi. "Kila meza tutakayosimama," alisema, "mwenye meza ameshalipwa. Kwa hiyo dada zangu, ulizeni mpaka mtosheke, na msinunue kitu kwa kuona haya."

Usiku tulikwenda Forodhani, katika bustani iliyo ufukweni mbele ya Beit al-Ajaib, ambayo ilifanyiwa ukarabati mkubwa na taasisi ya Aga Khan ikafunguliwa upya mwaka 2009. Magharibi inapoingia, wachuuzi hupanga meza zao za mishikaki, ngisi, pweza na kamba, huku wengine wakikamua miwa pamoja na ndimu na tangawizi. Tulikula ile inayoitwa pizza ya Zanzibar, yaani chapati nyembamba inayokunjwa juu ya nyama ya kusaga, kitunguu na yai, kisha ikakaangwa juu ya tava mpaka ikaiva pande zote. Ilikuwa tamu. Kuhusu samaki wa kuchoma, mwenyeji wetu alitushauri tusimame penye meko yenye foleni ya wenyeji, kwa sababu hapo chakula hakilali mezani kikangoja. Forodhani ni mahali pazuri pa kupunga upepo baada ya kazi, lakini muuzaji wa pale hana nafasi ya kukueleza jambo, kwani watu ni wengi na kila mmoja ana njaa yake. Kwa mtu aliyekuja kujifunza, kazi ilikuwa inamngoja Darajani.

Jumatano

Saa 12 na nusu asubuhi tulikuwa mbele ya marikiti. Jengo lenyewe, lenye mapaa ya vigae vyekundu, lilijengwa mwaka 1904, enzi ya Sultani Ali bin Hamud, na limekaa mahali ambapo mji wa mawe unakutana na mitaa ya Ng'ambo. Zamani ulipita hapo mkono wa bahari uliotenga pande hizo mbili, na daraja lililouvuka ndilo lililopaacha jina. Bahari imefukiwa na daraja halipo tena, lakini watu wa pande zote mbili bado hukutana hapo kila asubuhi kwa ajili ya kitoweo.

Tulianza upande wa samaki, kwa kuwa mnada haumngoji mtu. Samaki hupangwa sakafuni na juu ya meza za saruji kwa mafungu: changu peke yao, kolekole peke yao, nguru mmoja mrefu aliyelazwa kama mgeni wa heshima. Mnadi husimama katikati na kupandisha bei kwa sauti isiyopumzika, wachuuzi wakimjibu kwa kidole au kwa kutikisa kichwa, na fungu huwa limekwisha kununuliwa kabla macho ya mgeni hayajatambua ni nani aliyelichukua. Mwenyeji wetu alimwomba muuzaji mmoja, mzee ambaye alimwita ami, atuonyeshe namna ya kumchagua samaki. Mzee aliinua kifuniko cha shavu la changu kwa kidole gumba, akatuonyesha matamvua mekundu yenye maji, akabonyeza mgongo ili tuone nyama ikirudi mahali pake mara moja. Kisha akamleta mwingine, ambaye matamvua yake yalikuwa yameanza kugeuka rangi ya udongo, akatuwekea wote wawili sambamba. Hakusema kitu. Wifi yangu, ambaye amezaliwa Tanga na anajua samaki kuliko mimi, aliniambia kwamba hata yeye hakuwahi kuonyeshwa tofauti kwa utulivu namna ile.

Meza ya pili ilikuwa ya pweza. Mchuuzi wake ni mtu wa Pemba, naye alitueleza kwamba huko kwao Kisiwa Panza wavuvi hukubaliana kufunga sehemu ya miamba kwa miezi michache bila ya mtu kugusa pweza, na siku ya kufunguliwa huvuliwa pweza wakubwa ambao wamepata muda wa kukua. Nyama yake hupigwapigwa kwanza ili ilainike, kisha huchemshwa kwa maji yake mwenyewe. Tulionjeshwa vipande vyenye ndimu, chumvi na pilipili, saa 1 asubuhi, kwa tumbo lisilo na kitu, na ninaweza kusema bila ya kusita kwamba hivyo ndivyo pweza anavyopaswa kuliwa. Upande wa pili wa njia palikuwa na ng'onda, yaani samaki waliokaushwa juani, na papa mkavu, bidhaa ambayo majahazi ya Uarabuni yaliileta kwa pepo za kaskazi pamoja na tende kwa karne nyingi. Harufu yake ni kali na watalii wengi huharakisha hatua wanapoifikia. Lakini ukimloweka papa huyo, ukamchambua na kumtia katika tui zito la nazi lenye bizari, utaelewa kwa nini familia nyingi za pwani hazikubali kumwacha.

Hapo ndipo tulipokutana na kundi jingine la wageni lililokuwa likiongozwa na kampuni ambayo sitaitaja. Kiongozi wao alikuwa akichovya mkono katika kila gunia la viungo, akimgawia kila mgeni punje mbili tatu anuse au atafune, kisha akiwahimiza waende mbele. Mwenye duka alibaki amesimama nyuma ya mizani yake, hakusalimiwa wala hakuulizwa neno, na kundi lilipoondoka hakuna aliyekuwa amenunua hata ganda moja la mdalasini. Niliumia kuona hivyo. Mimi pia ni mfanyabiashara wa chakula, na ninajua kwamba kionjo ni mali. Punje zikitoka kila saa bila ya malipo, jioni zinakuwa kilo. Mtu anayeuza ziara ya kuonja anauza ujuzi na bidhaa za watu wengine, na haki ya watu hao inatakiwa iwe ndani ya bei tangu mwanzo, siyo kuachwa kwa huruma ya mgeni.

Chai tulikunywa kwa mama mmoja mwenye chuma cha vitumbua karibu na lango la nyuma. Mchele wake huulowesha tangu usiku, akausaga na tui la nazi na hiliki, akautia hamira kidogo na kuuacha uumuke. Alituonyesha alama anayoitafuta: rojo likiwa tayari, huwa na vitundu vidogo juu yake, na ukilikoroga husikika likinong'ona. Hutia mafuta kidogo katika kila shimo la chuma, humimina, hungoja ukingo ukauke, kisha hugeuza kwa kijiti chembamba kwa mzunguko mmoja wa mkono. "Usikigeuze mwanangu mpaka kikukubalie," alimwambia wifi yangu, aliyekuwa ameomba ajaribu. Tulivila vikiwa moto, pamoja na mbaazi za nazi na chai ya tangawizi.

Kisha tukafika kwenye viungo, na hapo tulikaa mpaka jua likawa kali. Duka lilikuwa finyu, magunia yamekunjwa midomo, na mwenye duka, bwana wa makamo mwenye kofia ya viua, alimpa kila mmoja wetu kigoda kabla ya kufungua mazungumzo. Aliweka karafuu katika kiganja changu. "Hebu ifinye kichwa kwa ukucha," alisema. Niliifinya, na mafuta yakatoka, machache lakini ya kuonekana, yakaacha alama inayong'aa juu ya ukucha wangu. Halafu akanipa nyingine kutoka kopo jingine, kavu, nyepesi, isiyo na kichwa. Niliifinya ikavunjika tu. Alizitia zote mbili katika bilauri ya maji: ya kwanza ilizama ikasimama wima, ya pili ikaelea. Alieleza kwamba karafuu huchumwa likiwa bado tumba, kabla ua halijafunguka, hutenganishwa na makonyo yake, na huanikwa juani kwa siku kadhaa mpaka iwe ya rangi ya kahawia iliyokolea. Makonyo nayo hayatupwi, kwani hukamuliwa mafuta katika kiwanda kilichoko Wawi, Pemba.

Nilimuuliza kwa nini karafuu zake zote zatoka Pemba, ilhali tumezoea kusikia karafuu za Unguja. Jibu lake lilinirudisha mwaka 1872, kilipokuja kimbunga kikaangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja, huku Pemba ikisalimika kwa kiasi kikubwa. Tangu hapo kisiwa hicho ndicho kilichobeba zao hili, ambalo siku hizi hununuliwa kwa wakulima na Shirika la Biashara la Taifa la Zanzibar, ZSTC.

Aliendelea na vingine. Alipasua tunda la kungumanga ili tuone utando mwekundu wa basibasi ulivyoikumbatia kokwa, viungo viwili katika tunda moja. Alituvunjia mdalasini, gome jembamba lililojikunja tabaka kwa tabaka na kukatika kwa vidole bila ya nguvu. Kuhusu nyuzi nyekundu zinazouzwa kwa wageni kuwa ni zafarani, alikuwa mkweli: zafarani hailimwi Zanzibar, nayo ni ghali mno kuuzwa kwa bei hiyo, kwa hiyo nyuzi hizo za rahisi ni za ua jingine linalotia rangi bila ya kutia harufu. Muuzaji anayekuambia hivyo akiwa anazo dukani mwake ni mtu wa kumrudia.

Nilipomweleza habari ya pilau yangu, alinitaka nitaje viungo ninavyotia na kwa mpangilio gani. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akachukua kijiko na kuanza kupima juu ya karatasi: uzile, yaani bizari nyembamba, mwingi kuliko vyote, pilipili manga nusu yake, hiliki kadhaa za kupasuliwa, vipande vya mdalasini, na karafuu za kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja kwa kilo ya mchele. "Karafuu haitiwi kwa mkono mkunjufu," alisema. Alisisitiza kwamba uzile ukaangwe kidogo pamoja na thomu (kitunguu saumu) na tangawizi baada ya kitunguu kugeuka rangi, kabla ya nyama, na kwamba usagwe siku ile ile ya kupika. Nilinunua viungo vizima vya kunitosha, na kwa mara ya kwanza nilinunua nikijua ninachokitafuta katika kila punje.

Tulipotoka, mwenyeji wetu alitupitisha Mkunazini, hatua chache tu kutoka marikiti, palipokuwa soko la watumwa hadi lilipofungwa mwaka 1873, na ambapo kanisa kuu la Kianglikana lilianza kujengwa mwaka huo huo. Hakutulazimisha kuingia. Alisema tu kwamba mashamba ya karafuu tuliyokuwa tukiyazungumza yalipandwa na kuvunwa kwa mikono ya watu waliouzwa mahali pale, na kwamba haoni sawa kuwafundisha watu harufu ya karafuu bila ya kuwaonyesha uwanja huo. Ninakubaliana naye kabisa, na ningependa kila ziara ya viungo ipite hapo.

Alkhamis

Asubuhi ilikuwa ya matunda, nayo nitaipitia kwa haraka, maana msimu huu hakuna asiyejua kwamba maembe yamejaa. Tulikula embe boribo, shokishoki, topetope, na doriani, ambalo nililikubali baada ya tonge la pili. Juisi ya mabungo ndiyo niliyoirudia.

Alasiri ndiyo yenye habari. Mwenyeji wetu alikuwa ameagana na mama mmoja anayepika mkate wa ufuta kwa kuuza, akatuomba tufike kabla hajawasha makaa. Unga wa ngano huchanganywa na tui badala ya maji, pamoja na hamira na chumvi, ukawa mlaini kiasi cha kutokamatika vizuri. Mama huyo alilowesha mkono, akautandaza juu ya chuma chenye moto, akanyunyiza ufuta juu yake, akangoja sehemu ya chini ishike. Halafu alifanya jambo ambalo sijawahi kuliona: alikiinua chuma chote kwa mpini, akakipindua uso chini kuelekea makaa, na mkate ukabaki umeng'ang'ania palepale huku uso wenye ufuta ukibabuka kwa moto. Alikuwa akihesabu kimoyomoyo, midomo ikicheza, kisha akakirudisha. Ulikuwa umefura na kutoka madoa ya hudhurungi. Aliupaka samli, akatukatia ungali moto, nasi tukaula na mishikaki iliyotoka jiko la jirani. Nilimuuliza ikiwa mkate huwahi kuanguka. "Ikiwa chuma hakikupata moto wa kutosha, huanguka," alijibu, "na ukiwa umekipaka mafuta, huanguka pia."

Kutoka hapo tulikwenda kunywa urojo. Rojo lake la manjano, la unga uliokorogwa na kutiwa ukali wa embe mbichi na ndimu, hukaa juu ya moto mdogo mchana kutwa, lakini kazi yenyewe iko katika bakuli. Binti aliyetupimia alianza na mbatata za kuchemsha, akafuatisha kachori na bajia, akamimina rojo, akaweka yai na nyama, kisha chatne ya nazi na pilipili. Chipsi nyembamba za muhogo alizimwaga mwisho kabisa, wakati bakuli likiwa tayari linaelekea mikononi mwetu, ili zifike mdomoni zikiwa bado zinavunjika. Wifi yangu alikawia kwa sababu ya maongezi na chipsi zake zikalainika, na binti yule, bila ya kuombwa, akamwongeza nyingine.

Ijumaa

Siku hii marikiti hufanya kazi kwa haraka asubuhi, kwani watu wanawahi nyumbani kupika kabla ya sala. Tulipata kahawa chungu kutoka kwenye dele, yaani birika la kahawa, katika vikombe vidogo visivyo na mkono, penye vibaraza vya Jaws Corner ambapo wazee huzungumza siasa na mpira, tukatafuna kashata za njugu. Baadaye tukaenda kwa mpishi wa halua. Sufuria lake ni pana, na ndani yake wanga, sukari, samli, hiliki na kungumanga hukorogwa kwa mwiko mrefu bila ya kuachwa hata kidogo, kwa saa kadhaa, vijana wakipokezana. Inapokaribia kuiva, samli huanza kujitenga pembeni na halua huachana na sufuria kwa pamoja, ikifuata mwiko. Tuliipata ikiwa katika hali hiyo. Halua ya moto ina mvutano na ulaini ambao ile iliyokwisha kupoa dukani huupoteza, na kama mgeni ana nafasi ya kuchagua jambo moja tu la kulifuata kwa saa yake, ningemshauri alifuate hili. Tulifungiwa katika vikapu vidogo vya ukili kwa ajili ya watu wa nyumbani.

Kabla ya kushuka bandarini, nilimwomba mwenyeji wetu anieleze anavyogawa fedha. Alinifungulia daftari lake bila ya kusita: kila muuzaji tuliyesimama kwake ameandikwa kwa kazi yake, kiasi alicholipwa, na mahali pa kutia saini au dole gumba. Mama wa vitumbua alikuwa ametia dole. Ami wa samaki alikuwa ameandika jina lake kwa herufi za Kiarabu. Nimeomba ruhusa ya kuiga utaratibu huo mgahawani kwa akina mama wanaoniletea mboga kutoka Uluguru, naye amekubali kunitumia mfano wa ukurasa.

Wifi yangu amekwisha kuagana naye kuhusu kurudi mwezi wa Ramadhani, wakati ambapo marikiti huchelewa kuamka na kuchangamka kuanzia alasiri, na mkate wa kumimina, kaimati na tambi hutoka kila nyumba. Mimi nimeomba safari hiyo ianzie Pemba, Wete, ambako halua yake husifiwa hata na wapishi wa Unguja, na tupite kwenye mashamba tuone karafuu zikiwa bado juu ya mti, ikiwa mavuno yatakuwa yamebakiza chochote.